Kitambaa cha Manjano Kwenye Mpini

Kisu kilichomuua mume wangu kilikuwa changu.

Hilo kila mtu Riruta analijua. Polisi wanalijua, mama mkwe analijua, hata watoto wa ploti walikuwa wakilinong'ona nikipita na ndoo.

Kitu ambacho hakuna aliyekijua, kwa miaka miwili na miezi minne, ni nani aliyetuma kile kisu kikanolewe asubuhi ile.

Naandika haya Jira amelala usingizi wa mchana, mguu mmoja juu ya daftari langu. Akiamka nitaacha. Kwa hivyo nitaenda haraka, mnivumilie.

Naitwa Valarie. Mtaani ni Mama Jira, yule wa kibanda cha mboga karibu na barabara ya Naivasha, nyuma ya yadi ya mbao.

Jira ni kifupi cha Wanjira. Ni jina la mama yake Ephantus, na Ephantus ndiye alikuwa mume wangu. Kwao msichana wa kwanza huchukua jina la nyanya wa upande wa baba, hakuna mjadala. Mimi wa kutoka Butere nilikuwa nimechagua jina lingine kabisa, lakini siku Cucu, yaani huyo nyanya, alipombeba mara ya kwanza akamwambia mtoto, "Karibu, Mimi," nilinyamaza.

Mpaka leo humwita hivyo, maana jina lao ni moja. Mimi amekula? Mimi ameoga? Ukiwa mgeni unaweza kudhani mama mkwe wangu amechanganyikiwa.

Sasa acha nikuelezee kazi, maana bila kazi hutaelewa kesi.

Mama mboga wa Nairobi hauzi sukuma tu. Anaikata. Mtu ametoka kazini, miguu inamuuma, anataka sukuma iliyokatwa nyembamba kama uzi, akifika ni sufuria moja kwa moja. Kisu kikiwa butu, wateja wanahamia kibanda kinachofuata bila hata kukuaga.

Kwa hivyo kila Jumamosi tunanoa. Kiema huja Dagoretti Corner na baiskeli yake, anaisimamisha kwa stendi, anakanyaga pedeli na jiwe linazunguka. Wateja wake ni kama ishirini, akina mama mboga, watu wa chipsi na mabucha. Na visu vyetu vyote ni ndugu, mpini wa mbao na bapa refu, huwezi kutofautisha.

Ndiyo maana kila mtu anafunga kitambaa chake kwenye mpini. Mwingine anafunga kamba ya gunia, mwingine utepe wa nywele. Mimi nilikuwa nafunga kipande cha shali ya Jira iliyochanika, ya manjano yenye bata wadogo.

Si sheria. Ni kitu tu tunafanya, kama vile unavyofunga kamba ya kiatu. Nani hukaa chini kufikiria kamba ya kiatu?

Omollo alikuwa fundi wa viatu. Sanduku lake lilikuwa hatua tatu kutoka kwangu. Kila Jumamosi alipeleka kisu chake cha ngozi na changu pamoja, kwa sababu mimi nilikuwa na mtoto mgongoni. Akirudi ananipa changu na utani juu yake. Shemeji, hiki sasa ukiionyesha sukuma tu, inajikata yenyewe.

Basi. Hakukuwa na kingine. Naapa kwa huyu aliyelala hapa.

Lakini Omollo ni wa Siaya, mimi wa Butere, na mtaa una macho mengi. Watu wakaanza kumwambia Ephantus kwamba bibi yake na fundi wa viatu ni watu wa pande moja, wanaelewana sana, wanacheka sana.

Wiki mbili kabla ya siku ile aliniambia, kwa upole ulionitisha kuliko kelele, kwamba Omollo asitumwe tena kitu chochote cha nyumba yake.

Nikasema sawa.

Na sitampaka Ephantus matope kwa sababu hayupo. Alikuwa akiuza kwenye hadiwea pale Corner, na jioni alikuwa ananibebea ndoo ya maji kabla hajavua viatu. Fomu yangu ya masomo ya jioni alinijazia yeye, akakandamiza kalamu mpaka karatasi ikatoboka. Akasema, "Utakuwa wakili wa mboga." Tukacheka.

Wivu ndio ulikuwa ugonjwa wake. Kila mtu ana wake.

Jumamosi ile Jira alikuwa na homa. Kisu kilikuwa kinararua badala ya kukata. Omollo akasimama na chake mkononi, akaniuliza kama kawaida kama aende na changu.

Niliangalia barabara juu na chini. Ephantus alikuwa kazini.

Nikafunga kitambaa. Nikampa.

Karibu saa tano, Ephantus akatokea. Alikuwa ameomba ruhusa kazini alete dawa ya mtoto. Hata sikuwa nimemwambia alete, aliamua tu. Na upande ule mwingine wa barabara Omollo naye alikuwa anakuja, kisu changu mkononi, shali ya binti yake Ephantus ikining'inia kwenye mpini.

Mambo yote yalikwisha kabla nyanya niliyoangusha haijaacha kubingirika.

Kulikuwa na maneno. Kofi. Ephantus akapiga teke sanduku la viatu, akaokota kile chuma cha umbo la mguu ambacho mafundi hugongea soli, akampiga nacho Omollo begani. Akakiinua tena.

Omollo alikuwa bado ameshika kisu. Mkono wake ulitoka mara moja.

Mara moja tu.

Ephantus alikaa chini kama mtu aliyechoka. Chupa ya dawa haikuvunjika. Ninayo mpaka leo.

Kituoni askari aliniuliza swali moja la maana. Je, ni wewe uliyempa huyu mtu kisu?

Cucu alikuwa amekaa kando yangu, amembeba Jira. Alikuwa halii. Alikuwa anamtingisha mtoto, anamtingisha, hata mtoto alipokuwa ameshalala.

Nikasema hapana. Sijui alikichukua saa ngapi. Na nilikuwa nimeinama, sikuona ilivyoanza.

Nikatia sahihi.

Nilijiambia kwamba ni uongo mdogo wa kunisitiri. Mume amekufa, nikisema nilimtuma yule niliyekatazwa kumtuma, nani ataamini hatukuwa na jambo? Nitaitwa nani? Mtoto ataitwa wa nani?

Sikujua nilikuwa nimejenga kesi.

Baada ya mazishi, Cucu hakunifukuza. Ile ploti ni yake, vyumba vyote kumi na viwili, na watu walimwambia wazi arudishe mtu wa Butere kwao. Alikuja mlangoni na uji, akaona ile fomu iliyotoboka imelala mezani, akaisoma yote akiwa amesimama.

"Nenda usome," aliniambia. "Mimi nitakaa na Mimi."

Hivyo kila jioni nilifunga kibanda mapema, nikaingia taoni, nikapanda ngazi hadi ghorofa ya tatu karibu na barabara ya Tom Mboya, juu ya duka la mashati. Masomo yalikuwa ya usaidizi wa kisheria. Mwalimu wetu aliitwa Norman, wakili mwenye koti moja na sauti ya mhubiri. Darasa lilikuwa la watu wanaosinzia. Jackie wa saluni alikuwa dawati langu. Nyuma yetu alikaa Mungai, askari wa geti kule Loresho, ambaye alikuja na yunifomu na kuondoka nayo.

Hakuna aliyejua mimi ni mjane wa nani. Nilikuwa nimewaambia mume wangu aliugua.

Sasa siku moja Norman akaandika maneno mawili ubaoni. Mauaji ya kukusudia. Kuua bila kukusudia.

Akasema mtu amekufa pande zote mbili, na mkono ni ule ule. Kinachotafutwa na korti ni kile kilichokuwa kichwani kabla mkono haujatoka. Uliwaza na kujiandaa? Au damu ilipanda ghafla, mtu amekupiga, na ulichofanya kilikupita hata wewe? Upande wa kwanza, vitabu bado vinasema kifo. Upande wa pili, jaji anaweza kupima miaka.

Halafu akatoa kipande cha gazeti mfukoni.

Kesi ya fundi wa viatu wa Riruta.

Kalamu yangu iliacha kuandika. Niliiona ikiacha, kama si yangu.

Norman akasoma kwamba mshtakiwa alitoa kisu kibandani asubuhi bila mwenyewe kujua, akakipeleka kikanolewa, akafunga mpini kwa kitambaa kisiteleze mkononi, akarudi. Akauliza darasa, hii ni ipi?

"Hiyo si hata swali," Mungai alisema. "Huyo alikuwa amejipanga kama harusi."

Watu wakacheka. Jackie akasema kunoa ni jambo moja lakini mwenye kufunga kitambaa ni muuaji wa digrii, huyo wamnyonge kesho. Wakapiga kura kwa kuinua mikono. Mikono yote ilipanda.

Wangu pia. Niliuona ukipanda.

Sikuwa nimejua kuhusu kitambaa. Yaani nilijua kipo, nilikifunga mwenyewe, lakini sikujua kimekuwa nini huko nje. Bata wadogo wa shali ya mtoto wangu wamekuwa ushahidi kwamba mtu alipanga kuua.

Darasa lilipokwisha nilibaki. Nilimuuliza Norman, kama mtu anayeuliza tu, itakuwaje kama kuna mtu alimtuma. Kama kisu kilikuwa kinarudishwa kwa mwenyewe.

Alifuta ubao polepole bila kunigeukia.

"Basi hiyo itakuwa kesi nyingine kabisa, si hii niliyowasomea," alisema. "Lakini huyo mtu hayupo kwenye karatasi. Na korti haiwezi kumwona mtu ambaye hayupo."

Kuanzia siku hiyo sikutulia. Nilikuwa nikikata sukuma, nasimama, nakaa, nasimama tena. Isitoshe, tangu Ephantus afe sikuwa nimepeleka kisu kwa Kiema hata mara moja. Nilinunua kingine na kukitumia mpaka kikawa kama kijiko. Wateja walinichamba. Mama Jira, hii umekata ama umeng'ata?

Nilijaribu kumwambia Cucu. Mara tatu. Mara ya kwanza alikuwa anamkata Jira kucha. Mara ya pili alikuwa anasali. Mara ya tatu hakuwa anafanya chochote, alinitazama tu, akangoja, na mimi nikamuuliza kama tumebakiwa na chumvi.

Piga hesabu ya nilichokuwa nacho. Chumba kwenye ploti yake. Mtoto mikononi mwake kila jioni. Masomo yaliyowezekana kwa sababu yake. Na hicho kidole kimoja ambacho mtaa ulikuwa haujaninyooshea.

Upande wa pili, mtu aliyemuua mume wangu.

Unaona ilivyo ngumu? Haikuwa kumwokoa mtu mwema. Ephantus alikufa kwa mkono wa Omollo, hilo halibadiliki hata nikisema nini. Nilichokuwa nimeshika ni ile tofauti tu, ile ya maneno mawili ya ubaoni.

Siku ya ushahidi wangu ilifika. Korti ya Milimani, asubuhi. Jaji alikuwa mama mwenye miwani. Cucu alikaa mstari wa mbele na kitambaa chake kizuri cha kichwa, cha kijani, kile cha kanisa. Jira tulimwacha kwa jirani, Lornah.

Omollo alikuwa kizimbani, amekonda. Hakuniangalia hata mara moja.

Mwendesha mashtaka aliniongoza pole pole, kwa heshima ya mjane. Nikajibu yale yale ya kituoni. Halafu akamwomba karani anionyeshe kielelezo.

Bahasha ya kaki. Kisu. Na kitambaa bado kimefungwa, manjano imekuwa kahawia, lakini bata mmoja alionekana. Mmoja tu.

Je, ni chako? Nikasema ni changu.

Wakili wa Omollo, Bwana Muthama, alisimama. Nikajikaza. Nilijua ataniuliza, na nilikuwa nimejiambia, akiuliza nitasema. Nilikuwa nimemwachia yeye mzigo.

"Sina swali kwa shahidi huyu, Mheshimiwa."

Akakaa.

Karani akanionyesha mlango kwa mkono. Hatua nne hivi. Ningezipiga, ningerudi Riruta, na leo ningekuwa nakata sukuma na kisu butu.

Sikwenda.

"Mheshimiwa, kuna kitu sijaulizwa," nilisema.

Mwendesha mashtaka akainuka. Jaji akamkalisha kwa kidole, akaniambia niseme.

"Hicho kitambaa nilikifunga mimi. Ni shali ya mtoto wangu."

Nikaeleza yote. Kiema, baiskeli, visu ishirini vinavyofanana, utepe wa nywele, kamba ya gunia. Kwamba nilimpa kisu kwa mkono wangu na alikuwa ananirudishia. Kwamba niliona ilivyoanza, na aliyepiga kwanza, kofi kisha chuma, alikuwa mume wangu niliyempenda.

Jaji alivua miwani. Akaniuliza kama najua niliandikisha nini polisi.

"Najua. Niliandikisha uongo."

Kwa nini?

"Niliogopa nitaitwa malaya, Mheshimiwa."

Karani anayetafsiri alisita kidogo kwenye hilo neno. Halafu akalitafsiri.

Nyuma yangu nilisikia benchi likilia. Sikugeuka. Nilipotoka kizimba cha mashahidi, nafasi ya Cucu ilikuwa tupu.

Nilirudi nyumbani nikitarajia kukuta virago vyangu nje. Havikuwa nje. Jira alikuwa mlangoni kwangu na Lornah, viatu miguuni, na kando yake mfuko wa nguo zake zilizokuwa kwa Cucu. Mlango wa Cucu ulikuwa umefungwa.

Hakusema neno. Siku hiyo, wiki hiyo, mwezi huo. Tukikutana kwenye bomba la maji anageuka na ndoo tupu. Mtaa nao ukafanya kazi yake, na nilinyooshewa vidole vyote, hata vya miguu. Nilienda darasani na Jira, akalala kwenye viti viwili vilivyounganishwa, na Norman akajifanya haoni. Jackie alimfunika na leso yake. Mungai aliniambia tu, bila kuniangalia, kwamba ule mkono wake aliuinua haraka sana.

Kiema alitafutwa na polisi, akaitwa. Nasikia alifika kortini na mfuko wa visu vya wateja, walinzi wakamzuia mlangoni na wakili akashuka kumtetea. Jaji alivitazama vyote kupitia picha. Kila kimoja na kitambaa chake.

Hukumu ilisomwa miezi mitatu baadaye. Jaji alisema kifo kilitokea na mkono unajulikana, lakini nia haikuthibitishwa. Kuua bila kukusudia. Miaka kumi na miwili, ukitoa aliyokaa rumande. Na mimi nilikemewa humo humo ndani, kwa kurasa mbili, na ninazistahili.

Sikufurahi. Sikulia pia. Nilikuwa nashuka ngazi za korti nikitafuta chupa ya maji kwenye mkoba, Bwana Muthama akaniita.

Nilimuuliza kile kilichonikereketa tangu ile siku. Wewe ni wakili, ulikuwa na shahidi mbele yako, kwa nini hukuniuliza?

Akaweka mkoba wake chini.

"Nilitaka," alisema. "Alinikataza."

Nikamwambia sielewi.

"Mama, mteja wangu aliandikisha kwamba alikichukua kisu mwenyewe. Siku aliyokamatwa aliambiwa na mahabusu mwenzake kwamba anayetoa kisu naye hukamatwa, kesi ni moja. Nilimwambia si kweli. Hakuniamini. Miaka miwili na zaidi nimembembeleza, ananijibu jibu moja." Akalirudia kama alivyoambiwa. "Huyo mtoto nimeshamnyima baba. Mama yake mwacheni."

Nilikaa pale pale kwenye ngazi.

Mimi nilidanganya kujisitiri. Yeye alidanganya kunificha. Na uongo wake na wangu ulilingana vizuri sana, ukaungana, ukawa mauaji ya kukusudia. Hakuna aliyetusingizia. Tuliandika wenyewe, kila mtu kwenye karatasi yake.

Sijamsamehe Omollo. Watu huniuliza. Labda siku moja. Kwa sasa najua tu alichofanya na ambacho hakufanya, na kwamba hivyo ni vitu viwili.

Na hilo ndilo ninalowaachia, hasa nyinyi akina mama wenzangu mnaosoma hii na mtoto kwenye paja. Ukiulizwa, sema ilivyokuwa, hata kile kinachokuaibisha. Aibu utaishi nayo. Mimi naishi nayo na mboga zinanunuliwa. Lakini kipande kimoja ukikificha, watu watajaza pengo na chao, na chao kinaweza kuwa kamba ya mtu shingoni.

Niliwaambia nitaacha Jira akiamka. Ameamka. Lakini nimalizie ya Jumamosi iliyopita.

Nilikuwa kibandani nikipigana na sukuma. Mteja mmoja alikuwa ananichamba kama kawaida. Kivuli kikasimama mbele yangu, nikainua macho, ni Cucu. Mara ya kwanza hapo tangu Ephantus afe.

Hakunisalimia. Alimtazama Jira amekaa kwenye kreti ya nyanya. Akatazama kisu.

Akafungua kile kitambaa chake cha kijani kichwani, cha kanisa, akang'ata ukingo wake kwa meno na kuchana kipande. Akanyoosha mkono.

"Lete hicho kisu," alisema. "Unatesa watu."

Nikampa. Alifunga mpini, akakaza fundo mara mbili, akamchukua Jira kwa mkono mwingine.

Nikawaona wakivuka barabara kuelekea Corner, kwa Kiema, Wanjira mkubwa na Wanjira mdogo, kipande cha kijani kikipepea katikati yao.